Kiti bora huchaguliwa siku ya kukata tiketi

Abiria anayetoka Nairobi kwenda New York hukaa angani kiasi cha saa 15. Kenya Airways ilipoanzisha safari hiyo ya moja kwa moja Oktoba 2018 ilitumia Boeing 787-8 yenye viti 234, na 204 kati ya hivyo ni vya daraja la kawaida. Kwa muda mrefu namna hiyo, kukaa vizuri ni suala la afya na la fedha. Bahati mbaya wengi huliwaza wakiwa wamechelewa: nauli imeshalipwa, ramani ya viti inafunguka kwenye simu, ndipo wanaanza kusita kati ya dirishani na kando ya njia. Uamuzi mkubwa umeshapita. Kinachotangulia ni aina ya ndege na jinsi shirika lilivyoipanga. Namba ya kiti hufuata.

Chukua upana. Boeing 787 inaweza kupangwa viti vinane kwa safu, lakini mashirika mengi yameweka tisa, vitatu vitatu, na kila kiti kimebaki na takriban inchi 17. Japan Airlines imeendelea na vinane katika safari zake za kimataifa. Airbus A330, ambayo RwandAir huitumia kwenda London, ni ya muundo wa zamani zaidi, ila kwa kawaida hupangwa viwili, vinne, viwili, na kiti hukaribia inchi 18. Inchi moja ni ndogo kwenye rula, lakini si ndogo bega la jirani linapokulalia usiku kucha. Mpangilio huo pia huwapa mume na mke upande wao wenyewe, bila mgeni wa kuamshwa kila mmoja anapotaka kwenda msalani.

Watetezi wa 787 watasema hewa yake ni bora, nao wana haki. Shinikizo la hewa ndani yake hulingana na kimo cha futi 6,000, wakati ndege nyingi za zamani hufika 8,000, na hewa yake ina unyevu zaidi. Anayeumwa kichwa safarini ana sababu ya kuipendelea. Mwenye mabega mapana ana sababu ya kuikwepa.

Hoja nzito zaidi ni ya kibiashara: asiyejali anakaa wapi alipe kidogo, anayejali aongeze. Ningeikubali kama mnunuzi angeona bidhaa kabla ya kulipa. Ripoti ya kamati ya Seneti ya Marekani ya Novemba 2024 ilionyesha kuwa mashirika matano ya nchi hiyo yalikusanya dola bilioni 12.4 kwa ada za viti kati ya 2018 na 2023. Fedha hizo zimetoka kwa watu waliokwisha kununua safari, wakalipa tena wasibanwe au wasitenganishwe na watoto wao. Hata kinachouzwa ghali kina kasoro zake. Kiti cha mlango wa dharura kina nafasi ya miguu, lakini mara nyingi meza yake hukunjwa ndani ya egemeo la mkono, kwa hiyo egemeo haliinuki na nyonga hubanwa. Begi nalo haliruhusiwi sakafuni ndege inaporuka na kutua.

Kati ya dirishani na kando ya njia, nachagua kando ya njia. Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani lilieleza kuwa hatari ya damu kuganda kwenye mishipa huongezeka takriban maradufu kwa safari za saa nne au zaidi ambazo mtu hukaa bila kujongea. Tukio lenyewe ni nadra, kama mtu mmoja kati ya 6,000, lakini anayeweza kuinuka bila kuomba radhi huinuka mara nyingi zaidi.

Mamlaka za usafiri wa anga za Afrika Mashariki ziyatake mashirika yaandike upana wa kiti na nafasi ya miguu kando ya nauli, kama uzito unavyoandikwa kwenye pakiti ya unga.