Kolwezi: "0,6 tu" ya mashine, lakini mchimbaji anapoteza moja ya tano

Kwenye depo za kununua madini za Kolwezi, jimbo la Lualaba, mchimbaji hufika na gunia ambalo ameshalipima kwa mkono na kwa jicho: kilo 50, na kwa weusi wa mawe, kobalti si haba. Mnunuzi analiweka kwenye mizani, kisha anaelekeza kwenye mawe machache mashine ndogo ambayo wengi hapa wanaiita Metorex. Namba mbili zinatoka, uzito na asilimia ya kobalti, na hapo ndipo bei inapotoka. Ugomvi pia.

Tuchukue mfano. Mawe yana kobalti ya 3% kweli, mashine inasoma 2,4%. Mnunuzi atasema tofauti ni 0,6 tu. Hesabu inasema lingine: toa kipimo kwenye ukweli, unapata 0,6, gawanya kwa ukweli, yaani 3, zidisha kwa 100. Kosa ni 20%. Unagawanya kwa thamani ya kweli, si kwa ile iliyokisiwa. Ukigawanya kwa 2,4 unapata 25%, na hiyo siyo hasara yako.

Sasa mizani nayo isome kilo 45 badala ya 50, kosa la 10%. Gunia la kweli lina kilo 1,5 za kobalti. Kwa namba za depo lina kilo 1,08. Hasara ni 28%, hata kabla ya kuzungumzia bei.

Si kila kosa ni wizi. Mashine hiyo husoma sehemu ya juu tu ya jiwe, na maji hushusha namba yake. Gunia lenye maji, kwa upande mwingine, linamuumiza mnunuzi, maana analipia maji kwa bei ya madini. Na jicho la mchimbaji nalo hudanganya: anayedai 4% kwa mawe ya 3% amekosea kwa 33%, kuliko mashine.

Mizani inaweza kujaribiwa bila fundi. Angalia kwanza kama iko kwenye sifuri. Weka bidoni tupu, soma. Mimina lita 10 za maji, soma tena. Kilo 10 zinapaswa kuongezeka. Zikiongezeka 9, kosa ni 10%.

Kwa kobalti hakuna njia rahisi kama hiyo. Inabaki kukausha mawe, kuyasaga, kuyachanganya vizuri na kuyapitisha kwenye mashine ya depo nyingine. Namba mbili zikitofautiana, utajua kuna kosa mahali, lakini huwezi kulihesabu mpaka maabara iseme ukweli ni upi. Na gunia linauzwa siku hiyo hiyo.