Aliyeumizwa Naye Ana Heshima Yake

Siku hizi filamu za matukio ya kweli ya uhalifu zinatufuata hadi jikoni. Hapa kwetu Kongowe, Kibaha, mama huchambua mchicha huku akitazama kwenye simu jinsi mtu alivyouawa, na watoto wamekaa pembeni. Je, akina mama wenzetu, tumewahi kujiuliza kama huyo anayeonyeshwa angekubali?

Sisi wauguzi huvuta pazia kabla ya kusafisha kidonda. Mtu hapotezi haki ya kusitiriwa kwa sababu ameumia, na hata marehemu hufunikwa shuka. Mtengeneza filamu naye anahitaji pazia lake.

Tuchukue mfano wa nchini kwetu. Mwaka 2015 Umoja wa Mataifa ulieleza kwamba watu wenye ualbino wasiopungua 75 walikuwa wameuawa Tanzania tangu mwaka 2000, kwa imani potofu kwamba viungo vyao huleta utajiri. Mwaka 2008 mwandishi wa habari Vicky Ntetema, aliyekuwa akifanya kazi BBC, aliwaendea waganga kwa siri na kuifichua biashara hiyo, ingawa alitishiwa maisha. Kwa hiyo hatusemi uhalifu ufichwe. Ukimya humfaa muuaji.

Lakini kuna namna ya kuonyesha. Filamu ya Harry Freeland ya mwaka 2012, In the Shadow of the Sun, ilimfuata Josephat Torner, Mtanzania mwenye ualbino, akienda kuzungumza na wanavijiji uso kwa uso. Humo yeye si kidonda cha kutazamwa. Ni mtu mwenye kauli yake.

Filamu inayorudiarudia picha ya mkono uliokatwa na kutaja bei yake, humtangazia soko mwenye tamaa. Ikitaja na kijiji au shule ya mtoto aliyenusurika, imewaonyesha wauaji njia.

Ruhusa ya kweli

Mama aliyefiwa jana anaweza kukubali lolote analoambiwa. Hiyo bado si ruhusa. Kama ilivyo kabla ya upasuaji, aelezwe kwa lugha anayoielewa, apewe muda, na awe huru kukataa. Mtoto asitiriwe sura na jina, maana picha aliyopigwa akiwa na miaka 7 itamkuta akiwa na miaka 20, mbele ya wakwe.

Nasi watazamaji tuna sehemu yetu. Tusisambaze picha za maiti. Watoto wakiwapo, tuzime. Filamu ikiisha tunamkumbuka muuaji kwa jina na aliyeuawa hatujui hata alipenda nini, basi tujue tumetazama burudani iliyotengenezwa kwa msiba wa mwenzetu.

Mpenzi msomaji, kabla ya kubonyeza, jiulize: angekuwa mwanangu, ningetaka jirani amwone hivi?