Mantiki ya Kwantamu Haijaruhusu Kujipinga

Hapana. Fizikia ya kwantamu haijathibitisha kwamba jambo moja linaweza kuwa kweli na uongo kwa pamoja. Swali hili hunifuata kila ninapozungumza, na anayeuliza humtaja mwanahisabati John von Neumann kana kwamba ndiye aliyetoa ruhusa hiyo. Makala ya mantiki ya kwantamu ambayo yeye na Garrett Birkhoff walichapisha mwaka 1936 haisemi hivyo hata kidogo.

Chukua atomu za fedha, kama zile ambazo Otto Stern na Walther Gerlach walizipitisha kwenye sumaku mjini Frankfurt mwaka 1922. Mkondo uligawanyika: nyingine juu, nyingine chini. Laza sumaku ubavu, zitakwenda kulia au kushoto. Sasa shika atomu iliyokwenda juu; sifa yake ambayo sumaku hupima huitwa spini. “Spini iko juu” ni kweli. “Iko kulia au iko kushoto” nayo ni kweli, kwa kuwa kipimo hakina jibu la tatu. Kwa mantiki ya darasani, lazima basi iwe “juu na kulia” au “juu na kushoto.” Hapo ndipo maumbile yanapokataa. Hakuna hali ya atomu inayobeba majibu hayo mawili kwa uhakika. Ipime kulia-kushoto, kisha irudishe kwenye sumaku ya wima: uwezekano wa kwenda chini sasa ni nusu.

Kilichoanguka ni kanuni moja tu, ile ya kuigawa “na” ndani ya “au.” “Juu na si juu” bado haiwezekani. “Juu au si juu” bado ni kweli daima. Na wanaosema atomu iliyo katika hali mseto, yaani mchanganyiko wa hali ya kulia na ya kushoto, “iko kulia na kushoto kwa wakati mmoja” waangalie vizuri: hali mseto hiyo yaweza kuwa ndiyo ile ile tuliyoiita “juu,” yenye jibu la uhakika kabisa kwa anayeuliza swali la wima. Mwujiza uko wapi?

Mwanafalsafa Hilary Putnam alidai mwaka 1968 kwamba kubadili mantiki kungeyamaliza mafumbo ya kwantamu. Baadaye mwenyewe aliliacha dai hilo. Lakini mafumbo yapo: mwaka 1967 Simon Kochen na Ernst Specker walionyesha kwamba, isipokuwa katika mifumo midogo kabisa kama spini ya atomu yetu, huwezi kuyapa maswali yote ya vipimo majibu ya ndiyo na hapana yaliyokwisha kupangwa, yasiyobadilika kwa namna ya kupima. Hilo ni zito, tena limethibitishwa kwa hesabu. Ndiyo maana inaniuma kuona jina la kwantamu likibandikwa kwenye mashine za mezani ambapo mgonjwa hushika kifimbo, kisha akapewa kurasa za “majibu” ya ini, figo na mifupa. Kifimbo kinagusa kiganja. Ini hakilijui.

Una shaka na ini? Kapime damu hospitali. Unataka kuona kwantamu kwa macho? Tafuta vichujio vitatu vya polaroidi: viwili vilivyokingamana huzuia mwanga, chomeka cha tatu katikati kwa nyuzi 45, mwanga utapita. Unataka kusoma? Anza na vekta na matriksi, kisha makala ya 1936 yenyewe.