Kiwanda cha Kalokol na Kutojua Kunakolindwa

Ukiuliza kwa nini kiwanda cha samaki cha Kalokol, kando ya Ziwa Turkana kaskazini mwa Kenya, kilishindwa, jibu huja upesi: Waturkana ni wafugaji, samaki hawawajui. Jibu hilo limerudiwa kote duniani kila misaada inapojadiliwa. Mimi nalikataa. Linamtwika mpokeaji kosa la mtoaji, na tena si kweli.

Karibu na Kalokol, Longech ni ulimi wa mchanga unaoikinga Ghuba ya Ferguson na mawimbi ya Ziwa Turkana, na watu wake wanaishi kwa nyavu. Njaa ya 1961 ilipomaliza mifugo, wengi waliokimbilia chakula cha msaada hapo ghubani walianza kuvua. Katikati ya miaka ya 1970 ngege walijaa tele. Samaki hupasuliwa, hupakwa chumvi na kuanikwa juani mpaka akakamae, kisha hufungwa mizigo na kusafirishwa, mingine ikifika hadi Kongo. Kazi hiyo haihitaji umeme wala maji mengi safi, na Kalokol vyote viwili ni adimu.

Kiwanda kilichojengwa kwa fedha za Norwei kilivihitaji vyote viwili. Kilikusudiwa kugandisha minofu ya kuuzwa nje, na gharama inayotajwa mara nyingi ni dola milioni 22. Kilifanya kazi siku chache tu. Kuendesha majokofu kwenye joto lile na kupata maji safi kuligharimu zaidi ya mapato ya samaki. Kisha katikati ya miaka ya 1980 ziwa likashuka, ghuba ikakauka. Jengo likaishia kuwa ghala la samaki wakavu.

Kukauka huko si ajabu. Ziwa halina mto wa kutokea, na zaidi ya asilimia 80 ya maji yake huletwa na Mto Omo. Mvua ya nyanda za juu za Ethiopia ikipungua, ufuo wa Longech husogea. Hilo mzee yeyote wa ufuoni angelieleza kabla msingi haujachimbwa.

Kwa nini basi halikusikika? Mwanasosholojia Linsey McGoey ameandika kwa kirefu juu ya kutojua kunakomfaa mwenye nguvu. Si lazima mtu adanganye. Inatosha kwamba hakuna anayepata hasara kwa kutouliza. Mhandisi mkataba wake huisha akikabidhi funguo. Waziri anataka sherehe ya ufunguzi. Mlipa kodi wa Oslo anaonyeshwa picha. Mvuvi, ambaye maisha yake yote yamo ziwani humo, hana kura Oslo, na sauti yake Nairobi ni hafifu. Mwaka 1990 Kenya ilivunja uhusiano na Norwei kutokana na kesi ya Koigi wa Wamwere, mpinzani wa serikali aliyekuwa mkimbizi Norwei, wafadhili wakaondoka, na wa kuulizwa akawa hayupo.

Nisiwapunje Wanorwei haki yao: barabara ya Kitale hadi Lodwar, waliyoigharimia, ilifungua soko ambalo wavuvi walilihitaji kwelikweli.

Miaka ya karibuni maji yamepanda tena na kumeza makazi ya ufuoni. Miradi mipya nayo inakuja. Kabla ya kutiwa saini, mkataba wa kila mradi ueleze nani atalipa ziwa likihama, na wavuvi wa Longech wasomewe kwa Kiturkana wakiwa na uwezo wa kuukataa.