Choo Juu, Mwamba Chini

Simama kwenye mdomo wa kisima kifupi mtaani Kawangware, Nairobi, uhesabu mita hadi choo cha shimo kilicho karibu. Umbali unaoshauriwa mara nyingi ni mita 30. Vyumba vya kupanga huku ni futi 10 kwa 10, kwa hiyo mita 30 ni vyumba kama 10 kwa mstari. Ploti gani ina nafasi hiyo? Mvua ya masika ikikolea, maji ya ardhini hupanda yakaloweka shimo la choo, na vijidudu hupenya udongo hadi kisimani. Maji yenyewe hubaki maangavu.

Kipimo rahisi kipo. Mwaka 1982 watafiti nchini India walieleza chupa yenye karatasi iliyotiwa dawa: unajaza maji, unafunga, unaiacha penye joto siku moja au mbili. Ikigeuka nyeusi, mna bakteria wanaotoa gesi inayonuka kama yai viza, na wengi wao hutoka kwenye kinyesi. Maabara hutafuta bakteria aitwaye E. koli katika mililita 100 za maji. Asipatikane hata mmoja.

Mwenye ploti aliye na hela huleta mashine achimbe kisima kirefu. Choo amekikwepa, ila huko chini kuna mwenyeji mwingine. Nairobi imekaa juu ya miamba ya volkano, na maji yaliyolala humo miaka mingi huyeyusha madini ya floraidi. Ikipita miligramu 1.5 kwa lita, kikomo cha Shirika la Afya Duniani, meno ya watoto huweza kuota na madoa ya kahawia. Ikizidi sana, kwa miaka, huumiza mifupa. Na hapa kuchemsha ni kupoteza makaa: mvuke huenda zake, floraidi hubaki kwenye sufuria. Klorini nayo haiigusi. Floraidi hupimwa maabara, na kipimo chake si kile cha vijidudu.

Huko Kibera, mtaa mwingine wa Nairobi, wengi hawategemei kisima bali hununua maji ya mfereji kwa mtungi. Mipira ya plastiki inayoyaleta hupita mitaroni. Maji yakikatika, presha hushuka na ufa mdogo hufyonza uchafu. Ndiyo maana shirika la SHOFCO walipandisha mabomba yao juu ya nguzo, yakapita juu ya mabati.

Hata hivyo, maji huweza kufika nyumbani yakiwa safi, kisha mtoto akachovya kikombe kwa mkono uliotoka kucheza. Ukipima, pima kisimani, kisha upime na mtungi.