Neno 'Anakusudia' ni la Siku Gani?

Wahenga walinena kwamba yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Sikupata kudhani kuwa methali hii ina uhusiano wowote na kodi ya duka, hadi jioni moja jirani yangu, fundi cherehani, aliponijia na karatasi iliyokunjwa mara nne. Ilikuwa ilani ya kumtaka aondoke dukani. Mwenye jengo alieleza kuwa anakusudia kuendesha mwenyewe duka la dawa mahali pale. Fundi alilipeleka shauri barazani. Lilipokuwa likingoja kusikizwa, mwenye jengo alipata chumba kikubwa zaidi mtaa wa pili, akafungua duka lake la dawa huko.

"Mwalimu," akaniuliza, "wewe ni mtu wa lugha. Hili neno 'anakusudia' ni la siku gani?"

Mimi si wakili, lakini swali hilo ni la isimu hasa. Tunawafundisha wanafunzi kwamba kiambishi -na- huonyesha wakati uliopo. Uliopo lini? Mtu anenapo kwa kinywa, jibu ni rahisi: ni pale anenapo. Ilani, hata hivyo, ni maneno yasafiriyo. Ina siku ya kuandikwa, siku ya kupokewa, siku ya kuisha kwa muda wake, na hatimaye siku ya kusikizwa kwa shauri. Baina ya siku hizo binadamu huugua, hufilisika, hutajirika au hubadili nia.

Sheria ya Kenya ya mwaka 1965 inayowalinda wapangaji wa maduka na hoteli inamtaka mwenye jengo atoe ilani isiyopungua miezi miwili na ataje sababu zake. Miongoni mwa sababu zinazokubalika ni kwamba, upangaji utakapokoma, yeye mwenyewe anakusudia kulitumia jengo kwa biashara yake kwa muda usiopungua mwaka mmoja. Mpangaji akilifikisha shauri barazani kabla ya muda wa ilani kuisha, ilani husimama hadi uamuzi utolewe.

Sheria hiyo ilifinyangwa kwa kuifuata ya Uingereza ya mwaka 1954, na huko swali la fundi wetu liliulizwa kitambo. Katika kesi baina ya mkahawa wa Betty's na kampuni iliyomiliki jengo lake, wenye jengo walipitisha azimio thabiti la kulijenga upya kesi ikiwa tayari inasikizwa. Mpangaji alidai kuwa nia hiyo imechelewa. Mnamo 1958 Baraza la Mabwana liliamua kwamba siku inayotazamwa ni ile ya kusikizwa kwa kesi, si ile ya ilani. Hukumu hiyo imerejelewa pia katika mashauri ya hapa kwetu.

Kanuni hiyo ni upanga ukatao kuwili. Nia iliyokuwa changa ilani ilipoandikwa yaweza kukomaa kabla ya kesi, na mwenye jengo akafaulu. Vilevile nia iliyokuwa ya kweli yaweza kufa njiani, na dai likafa nayo. Asichoweza mwenye jengo ni kuitupa sababu aliyoitaja na kuokota nyingine mbele ya baraza.

Si mataifa yote yachaguayo siku hiyo. Nchini Ujerumani, mwaka 2005, Mahakama Kuu ya Shirikisho iliamua kuwa haja ya mwenye nyumba ikitoweka kabla ya muda wa ilani kuisha, sharti amjulishe mpangaji. Ikitoweka baadaye, hata kesi ikiwa bado inaendelea, dai halitenguki. Uingereza nayo, katika Sheria ya Nyumba ya 1988, iliweka msingi wa malimbikizo ya kodi uliotaka deni lifikie kiwango kilichowekwa siku mbili: siku ya ilani na siku ya kesi. Mpangaji aliyepunguza deni lake chini ya kiwango hicho kabla ya kesi aliuzima msingi huo.

Kwa maoni yangu, siku ya kusikizwa ndiyo ya haki zaidi. Kumfukuza mtu kwa haja isiyokuwapo tena ni kumwadhibu kwa sentensi iliyokwisha kuwa uongo.

Nilimwambia fundi kwamba kufunguliwa kwa duka la mtaa wa pili hakumalizi shauri. Mwenye jengo aweza kudai kuwa anataka maduka mawili, na pengine ni kweli. Lakini baraza haliwezi kulipima jambo lisiloelezwa. Basi aende na wakili, apeleke ushahidi wa duka lile, na aombe mwenye jengo aulizwe anakusudia nini leo.

Fundi aliikunja karatasi yake mara nne tena. "Kumbe siku ni ile ya kesi," akasema, kisha akaenda kumalizia sare za shule alizoahidi kuwakabidhi wenyewe asubuhi.