Mshale Usioguswa

Mimi ni fundi saa, na hakuna kifaa cha riwayani kinachonivutia kama alethiometa ya Lyra, msichana wa Oxford katika *Northern Lights*, riwaya ya Philip Pullman ya mwaka 1995. Kinafanana na saa nene ya mfukoni, na usoni kina picha 36: nanga, mzinga wa nyuki, fahali, saa ya mchanga yenye fuvu juu yake. Mishale mitatu unaielekeza mwenyewe kwa vigurudumu vya pembeni; hilo ndilo swali lako. Wa nne, mwembamba, huugusi. Unazunguka wenyewe, unatua hapa na pale, ukijibu.

Kinachousukuma ni Vumbi, chembe zisizoonekana zinazovutwa na viumbe wenye kujitambua. Lakini mwenye papara haambulii kitu. Lazima ushike maana tatu kichwani kwa pamoja na moyo utulie. Nanga ni tumaini, kwa kuwa tumaini hushikilia. Chini yake kuna maana nyingine, na nyingine tena. Wataalamu huzisaka vitabuni. Lyra huzishukia tu, kama mtu anayeshuka ngazi gizani.

Mwishoni mwa *The Amber Spyglass* (2000), riwaya ya baadaye katika mfululizo huohuo, kipaji hicho kinamtoka. Akikitaka tena itabidi asome, miaka na miaka. Ukurasa huo huniuma kila nikiusoma.